Sura Ilitangulia, Hela Ikaja Nyuma kwa Miguu

Wiki tamthilia yetu ilipoanza kurushwa, nilikuwa nadaiwa kodi ya chumba, na wigi niliyokuwa navaa ilikuwa ya kuazima. Naanzia hapo makusudi. Wadogo zangu wanaoniandikia "dada, nitatokaje?" huwa wanataka habari za usaili, kamera, na namna ya kulia bila kitunguu. Hayo nitayasema. Lakini kilichotaka kunitoa kwenye kazi hii ni kile kipindi ambacho mtaa mzima unakujua na mfukoni huna hata nauli. Sura inatangulia, hela inakuja nyuma kwa miguu, na katikati hapo ndipo wasichana wengi wanapopotelea. Mimi sikuambiwa na mtu kwamba kuna kipindi cha namna hiyo.

Nimekulia Mbagala Rangi Tatu, Dar es Salaam. Mwigizaji Steven Kanumba alipofariki, Aprili 2012, nilikuwa bado shule ya msingi. Mama alikwenda kumuaga Leaders Club, akarudi jioni kandambili moja imekatika na sauti imemkauka, akatuambia umati ule hajawahi kuuona. Usiku nikamsikia akimwambia jirani kwamba sanaa inapendwa na watu ila hailishi watu. Mimi nilichukua nusu ya kwanza tu ya maneno yale.

Nilipomaliza kidato cha nne nikaingia kikundi cha maigizo kilichokuwa kinafanya mazoezi jioni kwenye uwanja wa shule, maeneo ya Mtoni. Kila zoezi tulichanga buku, ukichelewa buku jero. Mwalimu wetu alikuwa mzee wa enzi za mwanzo, sote tulimwita Baba. Hakuchoka kutukumbusha kwamba Tanzania Bara hatukuwa na televisheni mpaka 1994, na kwamba michezo ya Kiswahili ilipoanza kuonyeshwa, watoto walijaa sebuleni kwa jirani mwenye seti mpaka wanafukuzwa. Wao waliigiza kwa nauli na sifa. Baadaye zikaja kanda, kisha VCD na DVD, wasambazaji wakakaa Kariakoo, na kwa miaka kadhaa filamu ikalisha watu. Wezi wa kunakili wakaiumiza biashara ile, intaneti ikaimalizia. Wengi wa rika la Baba walirudi nyumbani kufuga kuku.

Kilichofungua tena mlango ni ving'amuzi. Azam TV iliingia 2013, Maisha Magic Bongo ikafuata, na kukawa na chaneli zinazotaka tamthilia za Kiswahili siku kadhaa kwa wiki, msimu baada ya msimu. Kwa msichana asiyejulikana hilo lina maana kubwa. Filamu moja ilitosheka na nyota wawili na marafiki zao. Tamthilia inakula watu: wiki hii anatakiwa nesi, wiki ijayo polisi, mpangaji mpya, mchepuko, dada wa kazi. Wengi wetu tuliingilia kwa dada wa kazi, na hakuna aibu hapo.

Kabla ya kuufikia mlango huo nilipita kwenye milango ya uongo. Tangazo linazunguka WhatsApp: sura mpya zinatafutwa, fomu elfu 10, njoo na picha mbili. Mnafika mmejaa ukumbi, mnapanga foleni juani, kila mmoja anaigiza nusu dakika mbele ya kijana mwenye kamera ambayo mpaka leo sina hakika kama ilikuwa imewashwa, mnaambiwa mtapigiwa. Zidisha mwenyewe elfu 10 kwa foleni ile. Prodyuza wa kweli anatafuta waigizaji kwa sababu ana fungu la kutengenezea kazi. Elfu 10 yako haimsaidii kitu. Ukisikia hela ya fomu, au ya picha za kitaalamu ambazo ni lazima upigwe na mtu wao, au ya kuingizwa kwenye orodha, geuza njia. Jambo jingine la kuuliza ni kibali. Kazi ya filamu au tamthilia inatakiwa iwe na kibali cha Bodi ya Filamu, na mwenye nacho hakasiriki kuulizwa.

Usaili wangu wa kweli ulianza kwa simu. Kaka mmoja wa taa, tuliyejuana kikundini, alinipa namba ya anayetafuta waigizaji, naye akataka video fupi. Video ya namna hiyo haitaki makuu. Simama uso ukielekea dirishani ili mwanga ukupige mbele, nyuma uwe na ukuta mtupu, simu ilale, iegemeze hata kwenye ndoo kama huna wa kukushikia. Taja jina, umri, urefu na unapokaa, kisha igiza dakika moja ukiongea na mtu aliye pembeni ya kamera. Mekapu ya harusi acha, filta acha kabisa. Niliambiwa baadaye kwamba kuna waliokatwa mlangoni kwa sababu aliyefika na aliyeonekana kwenye video walikuwa watu wawili tofauti.

Hapo kwenye "unapokaa" nilisita. Nilisema Mbagala, na nusura waniache, kwa kuwa lokesheni, pale pa kushutia, ilikuwa nyumba ya kukodi Madale. Kwa asiyelijua jiji, Mbagala iko kusini, Madale iko kaskazini huko nyuma ya Tegeta. Nilikuwa natoka nyumbani saa kumi alfajiri, daladala mpaka Mawasiliano, nyingine mpaka Tegeta, halafu bajaji ya kupandisha. Wito wa kazi ni saa moja. Ukifika saa moja na robo wewe mzembe, na mhusika mkuu anayetoka Mbezi Beach akifika saa tatu anapokelewa mkoba. Zoea mapema, kulalamika kunakuongezea jina baya, na jina kwenye kazi hii linatembea haraka kuliko wewe mwenyewe.

Sini yangu ya kwanza ilikuwa ya kuingiza trei ya juisi sebuleni. Neno langu lilikuwa moja: "Karibuni." Teki ya kwanza, kunguru. Anayeishi Dar anajua kwamba kunguru wa hapa hawasubiri mtu amalize kuongea. Mtu wa sauti akainua mkono, tukasimama. Teki iliyofuata, bodaboda yenye ekzosi iliyotobolewa. Baadaye umeme ukakatika, jirani akawasha jenereta, tukakaa. Tulipoanza tena, nikaingia nimeshika trei kwa mkono mmoja, na binti wa kontinyuiti, anayeangalia kila kitu kibaki kilivyokuwa teki iliyopita, akanionyesha picha kwenye simu yake: mwanzo niliishika kwa mikono miwili, kitambaa cha jikoni kikiwa bega la kushoto. Juisi yenyewe ilikuwa maji ya rangi, na kufika saa sita nzi walikuwa wameshaifahamu. Waigizaji waliokuwa wageni wetu walitakiwa kuinywa wakitabasamu, na waliinywa. Siku ile niliwaheshimu kuliko nilivyowahi kumheshimu mtu yeyote kwenye televisheni.

Dairekta alikuwa mtu mpole. Alinisogelea akasema, "Mdogo wangu, unaongea mpaka Chanika wanakusikia. Kamera iko hapa," akaweka kiganja karibu kabisa na shavu langu. Kikundini tulifundishwa kumfikia mtu wa mwisho uwanjani, na mimi nilikuwa hodari wa hilo. Kwenye kamera mtu wa mwisho amekaa mbele ya pua yako. Kuupunguza uso kulinichukua muda. Kilichonisaidia ni kujirekodi na kutazama sauti ikiwa imezimwa. Ukiona nyusi zako zinapiga kelele na sauti haipo, ujue umezidisha.

Kitu kingine ambacho kikundi hakikunifundisha ni kuigiza hadithi iliyokatwakatwa. Kwenye jukwaa unaanza mwanzo unaishia mwisho. Kwenye tamthilia unashuti sini zote za jikoni za mwezi mzima kwa siku chache, kwa sababu jiko limekodiwa. Asubuhi unamlilia bosi wako aliyefariki, mchana unamchekea akiwa hai. Nilianza kuandika daftari. Kila sini nikaandika: imetokea baada ya nini, nimevaa nini, nywele zikoje, nina hasira au nina siri, nimetoka kukimbia au kulala. Daftari lile ndilo lililofanya waandishi waanze kunikumbuka, maana nilikuwa sihitaji kuelezwa mara ya pili. Kuhusu kulia, machozi ya kweli huja mara chache na huondoka dairekta akisema "tena". Kuna wanaopaka dawa ya kuchua chini ya macho, macho yanakuwa mekundu hata kwenye sini ya furaha inayofuata. Mimi nimejifunza kuhema kifupi kifupi na kutopepesa, na kumsikiliza kwa makini mwenzangu anachosema. Mara nyingi hiyo inatosha, na isipotosha mtu wa mekapu ana glisirini.

Sasa hela.

Nililipwa kwa siku ya kushuti, elfu 50. Kwa mtu aliyekuwa anakaa tu nyumbani, elfu 50 kwa siku ilinifanya nipige hesabu za ajabu. Nilizidisha kwa 30. Hakuna mwezi wenye siku 30 za kushuti. Kuna mwezi wenye siku nyingi, kuna mwezi unaitwa mara moja, na kuna siku unaitwa, unakaa kwenye kiti cha plastiki mpaka usiku, sini yako inasogezwa, unarudi na ya nauli. Halafu mavazi. Kwenye kazi nyingi za kwetu mwigizaji mdogo anavaa nguo zake. Siku moja ya kushuti inaweza kubeba siku nne za hadithi, na siku nne za hadithi ni nguo nne. Dada wa kazi angalau anarudia khanga. Nilipopandishwa cheo kuwa dada wa kazi aliyeanza kupendwa na baba mwenye nyumba, khanga zikaisha, zikaanza magauni. Nywele nazo, ukishaonekana na rasta kwenye sini moja, huwezi kufumua mpaka siku ile ya hadithi iishe kushutiwa, hata kama kichwa kinawasha na kuna harusi ya binamu Jumamosi. Toa nauli, toa bajaji, toa kusuka, toa gauni la mtumba la Karume la kubadilisha, toa bando la kusoma skripti zinazotumwa usiku. Kinachobaki kwenye ile elfu 50 ni kidogo kuliko cha muuza chapati wa kwetu, na yeye analala saa tatu.

Hicho kidogo nacho kinachelewa. Nilivyoelewa, chaneli inamlipa prodyuza baada ya kupokea vipande vilivyokamilika, kwa mafungu, na vipande vikirudishwa kwa sauti mbovu au picha mbovu, fungu linangoja. Prodyuza mwenye mtaji analipa watu wake kabla. Asiye nao anakulipa wewe mwisho, baada ya mwenye kamera, mwenye taa na mwenye nyumba, kwa sababu hao wanaweza kuondoka na vitu vyao kazi ikasimama. Mwigizaji mdogo akiondoka, mhusika anapelekwa kijijini kwa bibi. Nilikaa miezi nikidai.

Na ndani ya miezi hiyo hiyo tamthilia ikaanza kurushwa.

Kwanza ilikuwa raha, nisidanganye. Watoto walinifuata mpaka dukani. Konda wa Rangi Tatu aligoma kuchukua nauli yangu, akaniita kwa jina la mhusika gari zima likageuka. Nilidhani huo ndio mwanzo wa kulipwa. Baada ya wiki chache, waandishi wakanipa sini ya kumwekea mama mwenye nyumba kitu kwenye chai, na raha ikageuka. Pale sokoni kuna mama niliyekuwa nanunua kwake nyanya tangu nikiwa mtoto natumwa. Alinitazama, akafunika fungu kwa kiganja, akasema, "Kwanza umwache yule dada na mume wake." Nilicheka nikidhani utani. Hakuwa anatania. Wateja wawili walimuunga mkono, mmoja akiniita kahaba kwa sauti ya kawaida kabisa, akichagua bamia. Ukiigiza vizuri watakuchukia, na chuki hiyo unaipokea ukiwa kwa miguu, huna gari la kupandisha kioo.

Bei nazo zikapanda. Bodaboda aliyekuwa ananipeleka kituoni kwa buku akataka elfu mbili, "staa huyo." Baba mwenye nyumba, ambaye alikuwa ananivumilia kwa mwezi mwezi, akasema sasa mambo yangu mazuri, nilipe miezi sita kwa mkupuo kama watu wengine. Ila kilichoniuma ni michango ya harusi. Kadi zilikuja mpaka kutoka kwa watu niliosoma nao chekechea. Mtu wa kawaida anaandikiwa kadi ya mtu mmoja elfu 50, mimi naandikiwa ya wawili, laki, na kwenye kundi la WhatsApp mwenyekiti wa kamati ananitaja kwa jina: "Tunamsubiri staa wetu atufunge midomo." Shangazi yangu mwenyewe alisema nisipotoa laki mbili nitakuwa nimemdhalilisha mbele ya wakwe. Mama alijua hali yangu, maana ndiye aliyekuwa ananitumia hela ya nauli kimyakimya. Aliniambia nitoe elfu 30 kama ndugu zangu wengine na nifike mapema nikakate kachumbari. Nilifanya hivyo. Shangazi alininunia hadi mwezi wa Ramadhani, kisha yakaisha.

Nawaambia jambo hili kwa urefu kwa sababu hapo ndipo "msaada" unapotokea. Ukiwa hujulikani hakuna anayekusumbua. Ukijulikana na una hela unaweza kuchagua. Ukijulikana na huna, simu yako inajaa wanaume wenye nia ya kukulipia kodi. Kuna wenye maduka ya nguo wa Sinza na Kinondoni wanaotaka uwatangazie Instagram kwa malipo ya gauni moja ulirudishe Jumatatu. Na kuna wa ndani ya kazi. Mtu mmoja kwenye uongozi wa kazi yetu aliniandikia saa tano usiku kwamba sini zangu za msimu ujao zinaweza kuongezeka, nifike sehemu fulani ya kulala wageni tufanye "mazoezi ya uhusika" wawili. Nilimjibu kwamba mazoezi nitayafanya lokesheni mbele ya dairekta. Hakurudia. Vipande vilivyofuata nilikuwa nafua nguo uani bila kusema neno.

Nilibaki na zile jumbe, sikuzifuta. Ninachotaka ujue mdogo wangu ni kwamba kitu kile kina jina kwenye sheria. Sheria ya Kuzuia na Kupambana na Rushwa ya 2007, kifungu cha 25, inamgusa mwenye mamlaka anayedai ngono ili akupe kazi, cheo au upendeleo. TAKUKURU, wale wa kuzuia rushwa, wana namba ya bure, 113. Siwezi kukuambia kwamba ukipiga kesho yake utapewa nafasi ya mhusika mkuu. Hutapewa, na pengine utafua nguo uani kama mimi. Lakini kuwa na ujumbe uliohifadhiwa kunabadilisha namna unavyosimama mbele ya mtu yule. Mazoezi ya kweli hufanyika mchana, penye watu, skripti ikiwa mkononi. Na unaruhusiwa kwenda na ndugu. Mwenye kazi ya kweli anamtafutia ndugu yako kiti.

Kuhusu mkataba, nilipata bahati moja: binamu yangu ni karani kwenye ofisi ya wakili. Nililetewa karatasi lokesheni, mekapu imeshapakwa, nikaambiwa saini haraka taa zinangoja. Nikasema naomba niende nayo nyumbani, nikaambiwa najifanya msomi. Nikaenda nayo. Binamu alisoma kwenye kochi akinywa chai, akachora mistari. Sikuruhusiwa kuonekana kwenye chaneli nyingine kwa mwaka mzima, na kwa mwaka huo hawakuahidi hata idadi ndogo kabisa ya siku za kunilipa. Sura yangu ingeweza kutumika kwenye tangazo lolote bila malipo mengine. Tamthilia ikirushwa marudio, hakuna kitu. Malipo "baada ya kazi kukamilika", bila kusema kazi ikamilike lini. Binamu alinieleza kwamba Sheria ya Hakimiliki na Hakishiriki ya 1999 inamtambua na mwigizaji, siyo mtunzi peke yake, ila haki unaweza kuiachia mwenyewe kwa saini yako. Tulirudisha na maombi machache: tarehe ya malipo, na ruhusa ya kufanya kazi zisizoonyesha uso wangu. Walikubali ruhusa, tarehe wakaandika "ndani ya siku 60". Haikuwa ushindi mkubwa. Lakini nilipodai baadaye nilikuwa nadai kwa karatasi, na wenzangu waliosaini kwenye taa walikuwa wanadai kwa kubembeleza. Baki na nakala yako. Ikiwa hawana ya kukupa, piga picha kila ukurasa kabla hujarudisha kalamu.

Mambo ya ofisini ni mepesi kuliko watu wanavyoyaogopa. Jisajili BASATA, Baraza la Sanaa la Taifa. Chukua TIN, namba ya mlipakodi, kwa TRA, haiuzwi. Bila TIN kuna kampuni hazitakulipa, na mwenye kukulipa kwa huduma anatakiwa akate kodi ya zuio asilimia 5. Ukikatwa, dai cheti chake, la sivyo hujui kama imefika TRA au imeishia mfukoni. Niliwahi kuona mwenzetu anakatwa "kodi" asilimia 20 na mtu ambaye hata ofisi hakuwa nayo.

Usiku ni suala la peke yake. Kushuti kunaweza kwenda mpaka saa nane usiku, na prodyuza akishasema "asanteni" kila mtu anatafuta njia yake. Wakubwa wana magari. Mara mbili tatu nililala kwenye kochi la seti, kochi lile lile la wageni wa juisi, nikingoja daladala za alfajiri. Kabla hujakubali kazi, uliza usiku mtarudi na nini. Uliza pia choo kiko wapi. Utacheka, lakini kuna nyumba tulishuti ambayo mwenyewe alifunga choo cha ndani, tukawa tunaomba kwa jirani, na wasichana tuliacha kunywa maji mchana kutwa. Wawili waliishia zahanati.

Kilichonivusha ni ile ruhusa ya kazi zisizoonyesha uso. Dar kuna kazi ya kuingiza sauti za Kiswahili kwenye tamthilia za nje, na wanatafuta watu wanaosoma haraka, wenye pumzi, wasiong'ang'ania lafudhi ya nyumbani. Nilijaribiwa, nikapewa sauti ya mama mkwe mmoja Mturuki mwenye umri mara mbili yangu. Unakaa kwenye chumba kidogo kisicho na feni kwa sababu feni inasikika, masikioni Kituruki, machoni midomo yake, mkononi Kiswahili chako, na sentensi inatakiwa iishe mdomo wake unapofunga. Pale hakuna wigi wala gauni. Ratiba inajulikana, hela inakuja kwa wakati wake, na sokoni hakuna anayekujua. Yule mama wa nyanya anaipenda sana ile tamthilia. Ananisimulia vipande vyake kila nikipita, akimtukana mama mkwe, huku ananipimia.

Hela ya sauti ndiyo iliyolipa kodi, ikarudisha wigi ya watu, ikanipa uwezo wa kumwambia mtu wa saa tano usiku na wa gauni la Jumatatu kwamba sihitaji. Kama unaingia kwenye kazi hii, tafuta mapema kitu chako cha namna hiyo, kitakachokulisha bila kuhitaji sura: sauti, kushona mavazi ya seti, kusimamia kontinyuiti, hata vitumbua. Usisubiri mpaka ujulikane, kwa sababu ukishajulikana utaona aibu kuvikaanga barazani.

Mhusika wangu aliuawa mwisho wa msimu wa pili, kwa chai ile ile. Sehemu ya malipo ya msimu huo bado nadai, na barua ya kudai imeandikwa na binamu. Tamthilia ninayoshuti sasa iko Kigamboni, ambako kutoka Mbagala angalau sivuki jiji zima. Mkataba wake una usafiri baada ya saa nne usiku na fungu dogo la mavazi. Malipo ya marudio waliyakataa, na nimemwambia binamu tuyaombe tena msimu wa pili.